Meli moja, nahodha mmoja, hesabu mbili

Tarehe 28 Juni 1790 meli ya biashara iitwayo Scarborough iliingia katika bandari ya Port Jackson, mahali ulipo leo mji wa Sydney. Haikuwa ngeni pale. Tarehe 26 Januari 1788, miaka miwili na miezi mitano kabla, ilikuwa imetia nanga katika maji hayohayo, ikiongozwa na nahodha yuleyule, John Marshall, ikiwa na abiria wa aina ileile: wafungwa wanaume waliohukumiwa na mahakama za Uingereza kuhamishwa ng'ambo. Mara ya kwanza Scarborough ilikuwa moja ya meli 11 zilizobeba watu zaidi ya 1,400, na katika msafara wote huo waliokufa njiani hawakufika 50. Mara ya pili Scarborough peke yake ilipoteza wafungwa 73 kati ya 250 na ushei iliyowapakia. Meli moja ilizidi vifo vya meli 11. Mbao zilikuwa zilezile, nahodha yuleyule na bahari ileile. Kilichobadilika ni karatasi iliyotiwa saini London kabla ya tanga kupandishwa, yaani mkataba uliosema nani atalipwa nini, na atalipwa lini. Hoja ya makala haya ni kwamba karatasi hiyo, pamoja na kukosekana kwa mtu mwenye mamlaka ya kuisimamia, iliua watu wengi kuliko mawimbi, maradhi au ukatili wa nahodha yeyote.

Kwanza tuifahamu meli yenyewe. Scarborough ilijengwa mwaka 1782 katika mji wenye jina hilohilo, pwani ya Yorkshire, kaskazini-mashariki mwa Uingereza. Ilikuwa na milingoti mitatu na sitaha mbili, uwezo wa tani 420 hivi, urefu wa futi 111 na ushei na upana wa futi 30. Kwa kipimo cha leo, urefu wake ulikuwa kama theluthi ya uwanja wa mpira. Haikujengwa kuwa gereza. Ilikuwa chombo cha kubeba mizigo kama vyombo vingine mamia vya wakati wake, na katika maisha yake ya miaka 23 ilifanya kazi nyingi: ilikwenda visiwa vya Karibi, ilibeba chai kutoka China, ilifika hadi Bengal. Kubeba wafungwa kulikuwa tenda mbili tu kati ya tenda nyingi. Jambo hilo ni muhimu kwa sababu tukisikia maneno "meli ya wafungwa" tunafikiri juu ya chombo cha mateso kilichobuniwa kwa mateso. Ukweli ni mkavu zaidi. Serikali ilikodi meli ya mzigo, mafundi wa mbao wakazungushia vizuizi na malango chini ya sitaha, na kazi ikishakwisha vizuizi vinang'olewa na chai inapakiwa palepale.

Serikali ya Uingereza ilifika kwenye uamuzi huo kwa kukosa pa kuwapeleka watu. Kwa miongo mingi wafungwa wake walisafirishwa na wafanyabiashara hadi makoloni ya Marekani, hasa Virginia na Maryland. Waliopelekwa huko wanakadiriwa kufika 50,000. Mfanyabiashara aliyewabeba aliuza kazi yao kwa wenye mashamba ya tumbaku kwa muda wa kifungo, miaka 7 au 14. Biashara hiyo ilikuwa ya aibu, lakini ilikuwa na tabia moja ya kukumbukwa: faida ilipatikana ufukweni, baada ya mtu kushuka akiwa hai na mwenye nguvu ya kushika jembe. Vita vya uhuru wa Marekani vikaufunga mlango huo. Wafungwa wakaanza kurundikwa kwenye meli chakavu zilizotia nanga mto Thames na bandari za kusini, na mwaka 1786 serikali ikaamua kuwapeleka New South Wales, upande wa pili wa dunia, ambako hapakuwa na mwenye shamba wa kuwanunua. Kuanzia hapo gharama yote ilikuwa ya hazina ya serikali, na swali likawa jinsi ya kuilipa.

Safari ya miezi minane

Msafara wa kwanza uliandaliwa na William Richards, mkandarasi wa London, na meli zilikodiwa kwa ukubwa wa tani zake na kwa muda wa kazi. Kwa mpango huo kifo cha mfungwa hakikumnufaisha mwenye meli. Juu ya hapo msafara ulikuwa na Arthur Phillip, ofisa wa jeshi la majini aliyeteuliwa kuwa gavana wa koloni jipya. Phillip alikuwa anasafiri na wafanyakazi wake wa kesho. Watu wale waliofungwa chini ya sitaha ndio ambao angewahitaji kukata miti, kujenga maghala na kulima. Akifika na maiti, koloni lingekufa kabla ya kuzaliwa. Kwa hiyo aliwaandikia mawaziri barua juu ya barua akilalamikia chakula na mavazi, akakataa kung'oa nanga Portsmouth hadi baadhi ya mambo yarekebishwe. Daktari mkuu wa msafara, John White, alidai nyama mbichi na mboga kwa watu waliokuwa bado bandarini, akapewa.

Mfano wa meli ya Alexander, iliyokuwa katika msafara huohuo, unaonyesha namna usimamizi ulivyofanya kazi. Meli hiyo ilikuwa na ugonjwa tangu ikiwa bandarini, na wafungwa kadhaa walikufa kabla ya kuondoka. Wagonjwa na wazima wakateremshwa kwenye matishali, ndani kukafukizwa moshi, kukasafishwa na kupakwa chokaa. Baadaye, baharini, maji machafu ya ngama yalipooza hadi vifungo vya makoti ya maofisa vikageuka vyeusi kwa hewa yake, White alitoa taarifa, na Phillip akaagiza ngama ipigwe pampu kila siku. Hapakuwa na muujiza wowote wa tiba. Alikuwepo daktari aliyeruhusiwa kusema, na mkubwa aliyekuwa na sababu ya kusikiliza.

Msafara ulitia nanga mara tatu: Tenerife kwa wiki moja, Rio de Janeiro kwa mwezi mzima, na Cape Town kwa mwezi mwingine. Rio watu walipata nyama mbichi, mboga na machungwa kwa wingi, na hiyo ndiyo kinga dhidi ya kiseyeye, ugonjwa uliokuwa ukiwala mabaharia wa zama zile kuanzia kwenye ufizi. Safari ilichukua zaidi ya miezi minane. Kwa mfanyabiashara huo ni muda uliopotea. Kwa wafungwa 208 wa Scarborough ilikuwa riziki. Tarehe 26 Januari 1788 walishuka Port Jackson wakiwa na miguu ya kuwabeba.

Hapo kazi ya Scarborough kwa serikali ilikwisha, ikaanza kazi ya Kampuni ya Uingereza ya India Mashariki. Mwezi Mei 1788 iliondoka kwenda China kupakia chai, ikiandamana na Charlotte ya nahodha Thomas Gilbert. Njiani wakapita katikati ya visiwa vidogo vya Bahari ya Pasifiki ambavyo ramani za Ulaya zilikuja kuviita kwa majina yao: Visiwa vya Marshall, ambavyo leo ni nchi huru, na Visiwa vya Gilbert, ambavyo wenyeji hulitamka jina hilo Kiribati. Mwaka 1789 Scarborough ilirudi Uingereza na chai yake. Chai hiyo ilipimwa ilipopakiwa na ikapimwa tena iliposhushwa, kwa sababu kampuni ilitaka kujua imepata nini, na forodha ilitaka kodi yake kwa kila ratili. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Chai ilikuwa na daftari pande zote mbili za bahari. Tulishike jambo hilo.

Bei ya kichwa

Kwa msafara wa pili serikali ilitafuta nafuu. Tenda ya meli tatu, Neptune, Surprize na Scarborough, ilikwenda kwa kampuni ya London ya Camden, Calvert & King, iliyokuwa na uzoefu mrefu wa kusafirisha watumwa kutoka Afrika. Kampuni ilikubali kuwasafirisha, kuwavisha na kuwalisha wafungwa kwa bei moja: pauni 17, shilingi 7 na peni 6 kwa kila kichwa kilichopakiwa. Neno zito hapo ni "kilichopakiwa". Fedha haikutegemea mtu kufika. Aliyekufa wiki ya pili alilipiwa sawasawa na aliyeshuka Sydney akitembea.

Ukikaa na hesabu hiyo kama mfanyabiashara, bila chuki wala huruma, inakuambia mambo matatu. La kwanza, pakia wengi kadiri mbao zinavyoweza kubeba, kwa kuwa malipo yanahesabiwa mlangoni. La pili, usipoteze muda bandarini, kwa kuwa kila siku ya kutia nanga ni mishahara ya mabaharia na chakula kinacholiwa bila kuongeza hata peni moja. La tatu ndilo baya kuliko yote: chakula ambacho mfungwa hakukila ni mali. Mkataba haukuhitaji mtu wa kusema "waacheni wafe". Ulihitaji kila mtu afanye hesabu yake kimyakimya, na kila hesabu iliishia mahali pamoja.

Meli hizo tatu ziliondoka tarehe 19 Januari 1790. Zilitia nanga mara moja tu, Cape Town, kwa wiki mbili hivi, na zikafika Sydney mwishoni mwa Juni, baada ya miezi mitano na siku chache. Msomaji alinganishe: safari ya kwanza ilichukua miezi minane na kusimama mara tatu, ya pili ilipunguza miezi mitatu, na vifo vikapaa. Laiti bahari ndiyo iliyokuwa muuaji, waliokaa nayo muda mrefu zaidi ndio wangekufa zaidi. Wafungwa walifungwa kwa vyuma vya mtindo wa meli za watumwa, ambavyo pingu zake za miguu miwili ziliunganishwa kwa nondo fupi isiyozidi robo tatu ya futi, kiasi kwamba mtu hakuweza kupiga hatua. William Hill, kapteni wa jeshi aliyesafiri kwenye Surprize, aliandika kwamba kwa vyuma hivyo mtu hakuweza kuusogeza mguu bila hatari ya kuuvunja. Waliolala karibu na maiti walificha kifo cha mwenzao kadiri walivyoweza, ili posho ya marehemu iendelee kuja. Mtu hafikii kulala ubavuni mwa maiti kwa ajili ya mkate ila njaa imeshamfikisha mahali hapo.

Meli zilipotia nanga, kasisi Richard Johnson alishuka ndani ya Surprize kuwaona. Alipofika Scarborough alishauriwa asiteremke chini ya sitaha, kwa sababu ya hali ya humo. Neptune hakujaribu kabisa. Katika meli tatu walikuwa wamekufa watu 267: Neptune 158, Scarborough 73 na Surprize 36. Karibu 500 walishushwa wagonjwa, wengine wakitambaa kwa magoti na mikono, na zaidi ya 120 kati yao wakafa hospitalini baadaye. Maiti zilizotupwa bandarini zilirudishwa ufukweni na maji. Kisha manahodha wakafungua soko na kuuza bidhaa na vyakula kwa bei ya juu, katika koloni lililokuwa limeshaonja njaa. Hill alisema kwa uchungu kwamba biashara ya watumwa ina huruma ukiilinganisha na alichokiona, kwa kuwa mfanyabiashara wa watumwa hupata faida kwa kuwafikisha watu wakiwa hai, ilhali hapa kadiri walivyokufa wengi ndivyo kilivyobaki chakula kingi cha kuuza.

Hoja za utetezi

Hoja ya kwanza ya kuutetea mkataba ni kwamba wafungwa wa msafara wa pili walipanda melini wakiwa tayari wamedhoofika. Wengi walitoka kwenye meli chakavu zilizogeuzwa magereza, ambako homa na utapiamlo vilikuwa maisha ya kila siku. Hoja hii ina ukweli, na si haki kuipuuza. Lakini wafungwa wa Phillip nao walitoka kwenye magereza na meli chakavu zilezile, na Alexander iliingiza homa kabla ya kung'oa nanga. Tofauti ilikuwa katika kilichofanywa baada ya ugonjwa kuonekana. Tena tunao ushahidi wa mwaka huohuo. Meli ya Lady Juliana, iliyoandaliwa na William Richards yule wa msafara wa kwanza, iliwasili Sydney tarehe 3 Juni 1790 na wanawake zaidi ya 220 waliotoka katika magereza ya nchi hiyohiyo. Ilitumia zaidi kidogo ya miezi 10 safarini, karibu maradufu ya muda wa Scarborough. Waliokufa njiani walikuwa watano. Mfungwa dhaifu anaweza kufika, endapo kuna anayefaidika na kufika kwake au anayewajibika nako.

Hoja ya pili huelekeza kidole kwa manahodha. Donald Trail wa Neptune alikuwa na sifa mbaya iliyomfuata hadi mahakamani, na watu hupenda maelezo ya namna hii, kwa sababu mtu mmoja mwovu ni rahisi kumwelewa kuliko kifungu cha mkataba. Lakini John Marshall anaivuruga hadithi hiyo. Ndiye aliyeongoza Scarborough mwaka 1787, na ndiye aliyeiongoza mwaka 1790. Nicholas Anstis wa Surprize naye alikuwa msaidizi mkuu wa nahodha kwenye Lady Penrhyn katika msafara wa kwanza. Watu hawa hawakugeuka mashetani katika miaka miwili. Ni kweli kwamba meli tatu hazikufanana: Neptune ilipoteza karibu mtu mmoja katika kila watatu, Surprize mmoja katika kila saba. Tabia ya kiongozi, msongamano na ukubwa wa chombo vilikuwa na nafasi yake. Hata hivyo Surprize, iliyofanya vizuri kuliko nyingine mbili, bado ilipoteza watu kwa kiwango ambacho msafara wa kwanza haukukikaribia. Nahodha aliamua kama mambo yatakuwa mabaya au mabaya kupindukia. Mkataba ulikuwa umeshaamua kwamba hayatakuwa mema.

Hoja ya tatu ni ya usalama, na kwa Scarborough ina uzito wa pekee. Mapema mwaka 1790 mfungwa mmoja, Samuel Burt, alitoa siri ya njama ya wenzake kuiteka meli. Baada ya hapo minyororo ilikazwa, na nahodha angeweza kusema kwamba alichagua kati ya ukali na kuuawa pamoja na mabaharia wake. Lakini historia ya meli hiihii inajibu. Mwezi Mei 1787, siku chache baada ya kuondoka Portsmouth, njama kama hiyo iligunduliwa ndani ya Scarborough hiyohiyo, wakati Phillip alikuwa ameshaagiza wafungwa wafunguliwe vyuma. Viongozi wawili wa njama walichapwa viboko na kuhamishiwa Prince of Wales, na msafara ukaendelea. Adhabu iliwafikia waliotuhumiwa. Wengine hawakuhukumiwa kuoza. Isitoshe, hofu ya uasi inaweza kueleza pingu, ila haielezi posho iliyopunguzwa. Hakuna mlinzi anayelindwa na ndimu asiyopewa mfungwa.

Kulikuwa na jicho la serikali? Lilikuwepo, kwa jina. Luteni John Shapcote alipandishwa Neptune kuwa wakala wa jeshi la majini kwa msafara mzima, mtu mmoja kwa meli tatu, bila gavana nyuma yake na bila mamlaka ya kutosha ya kumwamuru nahodha. Naye alikufa njiani. Mkataba mbovu ukikosa msimamizi haumfanyi mtu mwema kuwa mwovu. Humwonyesha tu kwamba wema una gharama, na kwamba gharama hiyo itatoka mfukoni mwake.

Malipo hayakutosha

Hapa panatokea pingamizi kali kuliko yote, na hili linaigusa hoja yangu yenyewe. Ikiwa tatizo ni malipo, basi dawa ni nyepesi: lipa anayefika hai. Serikali iliwaza hivyohivyo. Baada ya aibu ya 1790 mikataba ilianza kuweka sehemu ya fedha kando hadi mfungwa ashuke akiwa hai. Mambo yalitengemaa, lakini si daima. Mwaka 1798 meli ya Hillsborough iliondoka na wafungwa 300, ikiwa chini ya mkataba wenye nyongeza ya namna hiyo kwa kila aliyeshuka hai, na watu 95 wakafa. Homa ilitoka kwenye meli chakavu za bandarini, na Jeremiah Fitzpatrick, daktari aliyesimamia afya ya wasafirishwaji wa serikali, alikuwa ameonya juu yake kabla meli haijaondoka. Hakuwa na nguvu ya kuizuia.

Hillsborough inatulazimisha kuisema hoja kwa uangalifu zaidi. Malipo mazuri humfanya mtu atake kuokoa maisha. Hayampi ujuzi wa kuyaokoa, wala hayampi mwingine mamlaka ya kusema "meli hii haitoki". Hata ulinganisho wa Kapteni Hill na biashara ya watumwa hauna budi kusomwa hivyo. Meli za watumwa zilikuwa na sababu zote za kifedha za kufikisha watu hai, na bado zilijaza bahari maiti, kwa sababu binadamu akishakuwa bidhaa, baadhi ya vifo huingizwa kwenye bei kama mayai yanayovunjika njiani. Malipo ni nusu ya jibu. Nusu ya pili ni mtu asiyelipwa na mwenye meli, aliyemo ndani ya meli, mwenye ujuzi na haki ya kuamuru.

Nusu hiyo ya pili ilichelewa robo karne. Mwaka 1814, baada ya meli kadhaa kufika Sydney na homa, Gavana Lachlan Macquarie alimwagiza daktari William Redfern kuchunguza. Redfern mwenyewe alikuwa mfungwa wa zamani, aliyehamishwa kwa kuhusishwa na uasi wa mabaharia wa Nore wa mwaka 1797. Aliijua ngama kwa pua yake. Alipendekeza hewa, usafi, chakula kinachokaguliwa, watu kupandishwa juu ya sitaha, na zaidi ya yote madaktari wenye sifa waliopewa mamlaka. Kuanzia mwaka 1815 kila meli ya wafungwa ikawa na daktari msimamizi wa jeshi la majini anayewajibika kwa serikali. Kati ya 1788 na 1868 Uingereza ilipeleka Australia wafungwa wapatao 162,000, na kwa jumla waliokufa njiani walikuwa chini ya wawili katika kila mia. Meli zilibaki za mbao na tanga, na bahari ya kusini haikupunguza dhoruba zake. Kilichobadilishwa ni daftari, na mshika daftari.

Kwa waliokufa mwaka 1790 hakuna aliyelipa. Gavana Phillip aliandika London kulaani wakandarasi, lakini barua ilisafiri kwa miezi, na kabla habari haijafika kampuni ileile ilikuwa imeshapewa msafara wa tatu. Mwaka 1792 Donald Trail na msaidizi wake William Ellerington walishtakiwa London kwa mauaji, katika kesi iliyofunguliwa na mtu binafsi. Wakaachiwa huru. Marshall hakushtakiwa. Na ukiangalia mkataba kwa macho ya kisheria unaona kwa nini kesi ilikuwa ngumu: kampuni iliahidi kusafirisha, na ilisafirisha. Mtu akifa polepole kwa kukosa chakula, hewa na maji, mauaji hugawanywa vipande vidogovidogo, na kila aliyeshika kipande anaweza kuapa kwamba chake hakikuua.

Scarborough iliendelea na kazi zake. Ilipakia tena chai China baada ya kuwashusha waliobaki, ikarudi kwenye biashara ya Karibi, ikaenda Bengal mwaka 1801. Mwaka 1805 ilipambana na meli ya wavamizi wa Kifaransa iliyokuwa na nguvu kuliko yake na kuifukuza, kisha mwaka huohuo ikazama. Jina la nahodha wake lingali kwenye ramani ya dunia na katika jina la taifa, kwa sababu ya njia aliyopita akiharakia mzigo wa majani. Mzigo huo ulihesabiwa ulipopakiwa na ukahesabiwa uliposhushwa. Wafungwa wa 1790, ndani ya ngama ileile, walihesabiwa kwa ajili ya malipo mara moja tu, walipokuwa wanaingia. Serikali yoyote inayompa mkandarasi kazi ya kusafirisha, kulaza au kulisha watu wasioweza kujitetea inaweza kuusoma mkataba wake kwa kipimo hicho: malipo yanatimia mtu anapopandishwa, au anaposhuka? Na aliyesimama pale anaposhuka, akiwa na kalamu mkononi, analipwa na nani?